Nilimaanisha uvimbe wa goti

*Barua ya msomaji kwa Somo*

Somo, shikamoo.

Mimi ni mke wa mtu, mama wa watoto watatu, nakaa Unguja, upande wa Ng'ambo. Nauza manukato nyumbani: udi ninaouchanganya mwenyewe, asumini kwa oda za harusi, na tangu mwaka jana mafuta ya ubani. Mafuta ananitumia shangazi yangu anayekaa Maskati. Yeye kila mwaka huenda Salala wakati wa kharif, mvua ikiwa manyunyu na milima imekuwa kijani, na akirudi huja na chupa kubwa mbili tatu. Mimi huyagawa kwenye vichupa vya mililita 10, nikavipanga dirishani vikawa vinang'aa, kimoja elfu hamsini. Mwezi ukiwa mzuri vinatoka kumi na tano. Mume wangu ni fundi rangi, kazi yake leo ipo kesho haipo, kwa hiyo hivyo vichupa ndiyo ada ya watoto.

Shangazi alikuwa na maradhi ya magoti. Akawa anajipaka mafuta haya kila usiku na kujifunga kitambaa, na sasa anapanda ngazi. Mimi nikaweka stetasi: "Mafuta ya ubani halisi kutoka Oman. Hulainisha ngozi, hutuliza mawazo, hupunguza uvimbe." Na picha ya ubani wa hojari ule wa kijani. Basi. Sikuandika zaidi ya hapo, na naapa nilimaanisha uvimbe wa goti.

Mwezi wa pili alikuja Mwalimu. Huyu alinisomesha darasa la tatu. Mama yangu alipofariki, daftari zangu alikuwa ananunua yeye, na akinipa alikuwa ananipa pembeni ili wenzangu wasione. Sasa amestaafu. Alikaa kwenye kochi, akatoa simu, akanionesha stetasi yangu ameipiga picha. Akaweka kidole kwenye maneno yale ya mwisho, akauliza, "Uvimbe huu, na wa hapa pia?" Mkono mwingine ameuweka kifuani, upande wa kushoto, juu ya kanga.

Somo, hapa ndipo ninapojichukia. Nilisema, "Insha'Allah, Mwalimu." Akanunua viwili.

Baadaye ndipo akanieleza. Donge lilianza muda mrefu. Alikwenda hospitali, wakamkata kinyama wakakipima, wakamwambia ni saratani, wakamwandikia rufaa ya Dar es Salaam na tarehe. Tarehe hiyo imepita. Hakupanda boti. Anajipaka mafuta asubuhi na jioni, mafuta matupu, na matone matatu anatia kwenye asali anakunywa. Anasema donge limepungua. Wiki iliyopita alinifungulia nione. Ngozi imekuwa nyekundu, imeanza kuchubuka kama mtu aliyeungua na chai. Nikashika. Mimi sikuona limepungua. Yeye anafurahi, anasema hiyo ni dawa inatoa joto la ndani.

Amenitaka nisimwambie mwanawe, ambaye yuko Arusha. "Hiyo ni amana," alisema.

Nimemwambia mume wangu, akanijibu kwamba sikumlazimisha mtu, ni mtu mzima na ana akili kuliko sisi wote. Nimempigia shangazi, naye kakasirika. Kasema wazee wetu wametumia ubani tangu dunia kuumbwa, mimi nani niutie ila? Shangazi ndiye aliyenisomesha sekondari, sitaki kumvunja moyo.

Mwalimu hupita kwangu Alhamisi baada ya laasiri, akitoka kwenye mkutano wao wa wastaafu. Alhamisi hii atakuja kuchukua kichupa cha tatu. Nimwuzie? Nimnyime? Nimwambie mwanawe? Unajua kwetu neno ubani lina maana ya pili, ile fedha unayopeleka msibani. Siku hizi nikilisikia linanijia hilo la pili, na mikono yangu inakufa ganzi. Mimi ni mwongo, Somo?

*Muuza Ubani, Unguja*

*Somo anajibu*

Marahaba, mwanangu.

Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa nimefukiza chumba, nikataka nikuandikie harufu ikiwepo. Ubani hauna kosa katika haya, na mimi si mtu wa kuukimbia. Nimefukizwa nao nilipojifungua, nguo za wanangu zimefukizwa nao, na maulidi bila chetezo kuzunguka naona kama hayajasomwa. Nataka ujue hivyo kabla sijaanza kuuliza maswali.

Kama nimekuelewa, mambo matatu yamekufunga kwa kamba moja. Kuna Mwalimu ambaye ana ugonjwa na hajaenda kutibiwa. Kuna wewe, unayehisi neno lako moja ndilo lililomzuia. Na kuna nyumba yako, ambayo inakula kwa vichupa vile vile. Ukivuta upande mmoja, mwingine unabana. Ndiyo maana kila unayemuuliza anakujibu upande wake tu.

Tuanze na lile neno. Goti likivimba, tunasema uvimbe. Titi likiota donge, tunasema uvimbe. Daktari ana maneno mawili kwa mambo hayo, sisi tuna moja, na Mwalimu, mtu wa lugha, kalisoma lile alilolihitaji. Na si wewe peke yako uliyeteleza hapo, nadhani hata habari zinazozunguka kwenye simu zimeteleza pale pale. Mwaka 2011 Ujerumani walichapisha majaribio ya wagonjwa 44 waliokuwa wakipigwa mionzi ya saratani kichwani. Kwa waliopewa vidonge vya utomvu wa ubani, yale maji-maji yanayovimbisha ubongo kuzunguka saratani yalipungua kuliko kwa wenzao. Ni habari njema kabisa. Lakini ifuate mpaka mwisho: kilichopungua ni uvimbe wa maji, saratani yenyewe ilikuwa inapigwa kwa mionzi, na walichomeza hakikuwa mafuta.

Hili la mwisho ndilo ambalo wauzaji wengi hawalijui, na nakuomba unisikilize kidogo maana ni bidhaa yako. Ubani ukiuchukua kama ulivyotoka mtini, kile kipande unachoweza kukitafuna, una vitu vingi ndani. Kuna vilivyo vizito, ambavyo wataalamu huviita asidi za boswelia kwa jina la mti. Hivyo ndivyo vinavyosemwa vinatuliza uvimbe wa viungo, na vidonge vya ubani wa Kihindi vilivyojaribiwa kwa watu wenye magoti mabovu vimewapunguzia baadhi yao maumivu. Sasa mafuta yanapatikanaje? Ubani unatiwa kwenye chungu, unapitishwa mvuke, mvuke unabeba vilivyo vyepesi, ukipoa yanatengana maji na mafuta. Vilivyo vizito havipandi na mvuke. Vinabaki chini, kwenye masimbi yanayomwagwa. Ndani ya kichupa chako kuna harufu: alfapinini, ambayo imo pia kwenye misonobari, na limonini, ile inayokurukia machoni ukimenya chungwa. Vitu vizuri. Vinatuliza roho, na pua yako inakuambia hivyo. Ila kile kilichosifiwa kwa magoti hakimo.

Basi vipi shangazi amepona? Sijui alivyopona, na sitabishana na mtu anayepanda ngazi. Kila usiku alikuwa anakaa, anakanda magoti kwa mikono yake, anayafunga yapate joto, kwa miezi. Ukiyaondoa mafuta ya ubani ukaweka ya nazi, sina hakika goti lingejua tofauti. Lakini usimwambie nimesema hivyo.

Utaambiwa pia kwamba yamethibitishwa maabara. Ni kweli, na ni hayo hayo ya Oman: mwaka huo huo wa 2011 watafiti walichapisha kwamba mafuta ya ubani wa kwao yaliua seli za saratani ya titi. Seli zilizokuwa kwenye kisahani, zimemwagiwa mafuta moja kwa moja. Jiki nayo ikimwagwa kwenye kisahani kile itaziua. Kutoka kisahani mpaka kwenye donge lililo chini ya ngozi ya mama wa miaka sitini na kitu ni safari, na mafuta ya ubani hayajaimaliza. Hakuna majaribio kwa binadamu yaliyoonesha kwamba yanaponya saratani, ukiyapaka wala ukiyanywa.

Uliuliza kama wewe ni mwongo. Mwaka 2014 mamlaka ya dawa ya Marekani iliziandikia barua za onyo kampuni mbili kubwa za mafuta ya harufu, kwa sababu ya yale waliyokuwa wakiyasema wauzaji wao mitandaoni, watu wa majumbani kama wewe, kuhusu saratani na maradhi mengine makubwa. Nadhani wengi wao waliamini walichokiandika. Mimi neno "mwongo" naliweka kando kwanza, kwa sababu naona linakushughulisha wewe na nafsi yako wakati Alhamisi inakuja. Nitakuuliza jingine. Ile "Insha'Allah" uliyoitoa pale kwenye kochi, ulimwambia Mwalimu, au ulijiambia wewe ili usiwe yule anayemkatalia mtu aliyekununulia daftari? Sikuulizi ili nikulaumu. Nauliza kwa sababu nadhani unapanga kumjibu hivyo hivyo tena.

Na kuna jambo umelichukua kama lina hakika, nami nina wasiwasi nalo. Umeandika kana kwamba Mwalimu aliacha hospitali kwa sababu ya mafuta. Hebu zihesabu siku zako. Je, tarehe ya rufaa ilipita kabla hajaja kwako au baada? Kama ilikuwa kabla, basi kulikuwa na kitu kingine kilichomrudisha bandarini, na mafuta yamekuja kumpa mahali pa kupumzika tu. Inaweza kuwa nauli na pa kufikia Dar. Inaweza kuwa aliona jirani akirudi hana nywele. Inaweza kuwa hataki kuvuliwa na daktari mwanamume, au anadhani titi litakatwa siku hiyo hiyo. Inaweza kuwa ameshaamua kuwa amezeeka inatosha. Kila moja lina mlango wake, na hujui ni upi mpaka umuulize. Kumbe mtu anakuja kwako kila Alhamisi, anakaa, anakufungulia kifua chake uone. Mwanawe hajamfungulia. Sidhani anafuata mililita 10 tu.

Sasa njia zako. Zote zina miiba, nitazipitia nawe.

Ukimwuzia ukanyamaza, nyumba yako itakula, na utakuwa na Alhamisi nyingine ya namna hii, na nyingine tena. Saratani ya titi ikiwahiwa inatibika kwa wengi. Ikicheleweshwa, chaguo zinapungua mwezi kwa mwezi. Hilo nalisema bila kupindisha, kwa kuwa hapa kimya kina bei.

Ukimnyima bila maelezo, mikono yako itakuwa safi kwa siku mbili. Halafu atakwenda kwa muuzaji mwingine, pengine yule atakayemwambia kwa kinywa kipana kwamba yanaponya na amwongezee na ya kuchoma. Nawe utakuwa umempoteza pale kwenye kochi.

Ukimpigia mwanawe, huenda ukawa umemwokoa, na huenda ukawa umeivunja amana, akafunga mlango kwa wote wawili. Kuna watu wanaosema roho ya mtu ni kubwa kuliko siri yake, na siwezi kuwaambia wamekosea. Lakini Mwalimu ni mtu mwenye akili timamu na mwili ni wake. Katikati ya kunyamaza na kusema, ipo nafasi ya kumwambia yeye mwenyewe: "Mwalimu, hii amana imenizidi. Nipe ruhusa niiseme kwa mtu mmoja, unichagulie wewe." Huenda asimchague mwanawe. Huenda akamchagua dada yake, au mwenzake wa wastaafu. Yeyote atakuwa bora kuliko wewe peke yako.

Na kuna kumwambia ukweli wa yale mafuta. Unaogopa utamkata matumaini. Naielewa hofu hiyo. Ila angalia unachodhani: kwamba matumaini yote yamo kwenye kichupa. Unaweza kumwambia uliandika "uvimbe" ukimaanisha goti la shangazi yako, kwamba alipokuuliza ulishindwa kusema, na kwamba uliposhika hukuona limepungua. Anaweza kukasirika. Anaweza kulia, anaweza kwenda kwa majirani akasema umemuuzia mafuta ya uongo, na biashara ikayumba. Siwezi kukuahidi haitakuwa. Anaweza pia kukusikiliza kama mwalimu anavyosikiliza mtoto aliyekuja kukiri mwenyewe kabla hajakamatwa, na wewe unajua alivyokuwa darasani kwa watoto wa namna hiyo.

Ukichagua hilo, usilitoe peke yake kama jiwe. Uwe na kitu mkononi: umeulizia kama rufaa iliyopita tarehe inaweza kuandikwa upya, umejua boti ya asubuhi inaondoka saa ngapi, na unaweza au huwezi kwenda naye siku hiyo moja. Kama huwezi, mwambie huwezi, usianze tena na Insha'Allah ya kukwepa.

Lipo moja lisilongoja uamuzi wowote: ngozi yake. Mafuta haya hayapakwi matupu, hata kwa mtu mzima wa afya. Matone sita kwenye kijiko cha mezani cha mafuta ya nazi yanatosha, na kwenye ngozi iliyokwisha kuchubuka hayawekwi kabisa. Ule wekundu ni ngozi inalalamika. Na vichupa vyako vinavyong'aa dirishani, mwanangu, viondoe leo. Jua na hewa vinaigeuza ile limonini, na ikigeuka inawasha kuliko ilivyokuwa. Chupa za kahawia, kifuniko kikaze, kabatini. Ya kunywa kwenye asali aache. Yanaweza kulichoma tumbo, na akija kuanza matibabu, dripu au mionzi au kisu, madaktari wake wanatakiwa wajue kila alichokuwa anakipaka na kukinywa. Hayo unaweza kumwambia Alhamisi hata kama mengine yote yamekushinda.

Stetasi yako nayo unaweza kuiandika upya bila kuwa maskini. Watu wananunua ubani kwa sababu ni ubani. Andika unanukia vipi, unatoka kwa nani, unachanganywaje. Akikuuliza mtu kuhusu uvimbe, muulize wa wapi. Kwa shangazi yako sioni haja ya vita. Yeye anautetea ubani wa wazee, nawe hujausema vibaya. Wazee hao waliufukiza, waliutafuna, na hapo alipo yeye wanauroweka usiku kucha wakayanywa maji yake meupe asubuhi. Hayo ya kichupa yaliyokamuliwa kwa mvuke ni jambo jingine, na unaweza kumweleza hivyo bila kuligusa goti lake.

Kama Mwalimu atasikia yote akasema bado haendi, hilo nalo ni jibu lake, na halitakuwa limeandikwa na stetasi yako. Utabaki na swali la kichupa cha tatu. Ningekuwa mimi, ningejiuliza kama naweza kumpa mafuta ya harufu tu, yaliyokwisha changanywa, bila kuchukua ile elfu hamsini, nikajua sote wawili tunajua ni ya harufu. Au pengine ningeona hata hivyo ni kumdanganya kwa mkono badala ya mdomo. Nimelifikiria usiku mzima na sijapata jibu moja, kwa hiyo sikuoneshi kana kwamba ninalo.

Nimeomba barua hii ibandikwe leo Jumanne badala ya kungoja zamu yake, uwahi kuisoma. Alhamisi watoto wapeleke kwa jirani, mume wako atoke, na simu uizime isije ikaingia oda katikati. Mpishie chai, ukae naye kwenye kochi upande ule ule, na umuulize kwanza siku ile ya boti ilikuwaje.

Somo